Madam na Wageni wa Matanga

Ulipompelekea Madam kompyuta, hakukuuliza ina shida gani. Aliiwasha, akavuta kiti, akafungua ile orodha ya programu zinazofanya kazi kichinichini, kisha akaanza kukuhoji kama chifu aliyekuja kukagua boma lako.

"Huyu ni nani?" Kidole kiko kwenye skrini.

Unasema humjui.

"Anakaa kwako na humjui? Anafanya kazi gani?"

Unasema labda ni wa hali ya hewa.

"Wewe unaishi Suna, mvua inakunyeshea kila alasiri. Ukitaka hali ya hewa, toka nje." Anafuta. "Na huyu?"

Kwa wasiojua mambo haya: kompyuta huja na mfumo, ile programu kubwa inayoiwasha na kuisimamia, na ndani ya mfumo huo mna programu ndogondogo tele ambazo hukuziomba. Moja inakuletea habari, nyingine inakuuzia vitu, nyingine imetega sikio ikingoja kuitwa. Zote zinakula memori. Mwenye mashine mpya hajali. Lakini sisi wa huku Suna, Migori, mashine zetu ni ex-UK, zimetumika ofisini kwa wazungu mpaka zikachoka, zikaletwa kwetu zimalizie uzee, na hapohapo tunataka zicheze gemu ya mpira bila kipa kuganda hewani. Kazi ya Madam ilikuwa kuuchonga mfumo. Alitoa kila kisichohitajika na gemu, mpaka mashine kuukuu ikapata pumzi.

Hao aliowatoa aliwaita wageni wa matanga. "Marehemu amezikwa," alikuwa akisema, "turubai limerudishwa, sufuria za kanisa zimerudi kanisani, na mtu bado yuko sebuleni anauliza chai iko wapi. Ndiyo hiyo kompyuta yako." Wateja walicheka sana, maana huku kwetu hakuna nyumba ambayo haijawahi kumlisha mgeni huyo.

Mimi nilikuwa jirani yake. Studio yangu ya picha na uchapaji ilipakana na duka lake la gemu, ukuta mmoja wa mabati, kwa hiyo kelele zake zote zilikuwa zangu pia. Naandika haya kwa sababu mwezi uliopita nilipigiwa simu kutoka Homa Bay, anakoishi sasa. "Jirani, kuja," sauti ikasema. "Madam haoni. Na hataki mtu ajue." Yule haoni, jamani, na kazi yake yote ni ya macho. Nilikaa na ile simu mkononi nikashindwa hata kuendelea na kazi.

Aliyepiga alikuwa Shemeji, na huyo lazima nimweleze.

Shemeji ni ndugu mdogo wa marehemu mume wa Madam. Mume alipofariki, wazee wa ukoo walimtuma Shemeji aje kusimama katika nyumba ile, kufuatana na desturi yao kwamba mjane asiachwe bila mwanaume wa ukoo. Akaja na begi moja na koti la suti. Madam alimfungulia mlango, akamtazama kutoka viatu mpaka kofia, akasema, "Wamekutuma usimame? Haya, simama. Ukichoka, kiti kile pale." Shemeji akasimama kama dakika tano, akaketi. Hajainuka mpaka leo, na huu ni mwaka wa kumi na mbili. Hakumrithi mtu wala kitu. Alipewa chumba cha nyuma ya duka, kazi yake ikawa kuchemsha chai na kuwaambia wateja karibu. Chai yenyewe ilikuwa mbaya, ya maji mengi na sukari kama ya adhabu.

Wateja walimchokoza Madam juu ya jambo hilo kila siku. "Madam, wewe unafukuza wageni wa kompyuta, na huyu wako je? Tumfute?"

Madam alikuwa akijibu bila kuinua kichwa: "Huyu anakula memori kidogo." Na Shemeji alicheka kuliko wote.

Duka lilikuwa na mashine sita, kila moja na namba yake kwa rangi nyeupe. Ya saba ilikaa pembeni, nayo ilikuwa kasha tupu. Madam alikuwa ameinyonyoa viungo vyote vya ndani ili kuponya zile nyingine, likabaki bati, na juu ya bati birika la umeme la Shemeji. Mgeni akiuliza mbona hiyo haina mchezaji, Madam alijigamba: "Namba saba ndiyo mashine bora niliyowahi kuchonga. Haina mgeni hata mmoja ndani. Haijawahi kuganda."

Zamani alifundisha taipu, wasichana wa bweni upande wa Asumbi, na alama za ualimu hazikumtoka kamwe. Wasichana wale alikuwa akiwafunika mikono kwa kitambaa wasiangalie vidole. Watu wazima waliokuja kucheza gemu ya risasi aliwakanya wakikaa vibaya. Niliwahi kumwona akisimamisha mchezo wa wanaume wawili wenye ndevu kwa sababu mmoja ameweka mguu juu ya meza. Huyo mwenye mguu alikuwa katekista. Alitoa mguu, akaomba msamaha kwa Kizungu.

Sasa nitasema kosa lake kubwa kwangu, na nilishalisamehe zamani, ila sijalisahau.

Kompyuta ya studio yangu ilikuwa imezeeka. Nikampa Jumatano aipunguzie mizigo. Alhamisi akanirudishia, ukiibonyeza tu imewaka, ndiyo kwanza hujatoa kidole. Nilifurahi, nikamnunulia soda. Ijumaa mchana wakaja watu wa msiba kutoka Uriri kuchukua programu ya mazishi ya Jumamosi, zile karatasi zenye picha ya marehemu na orodha ya wasemaji wote mpaka mwakilishi wa majirani. Nikabonyeza kuchapa. Kimya. Nikabonyeza tena. Kumbe ile mashine haikujua tena kwamba duniani kuna kitu kinachoitwa printa.

Nilizunguka ukuta mbio. "Madam, printa imeenda wapi?"

"Printa ni ya nini kwa gemu?"

"Mimi sichezi gemu! Mimi ni mtu wa programu za mazishi!"

"Adier," akasema, yaani kweli kabisa. "Hilo sikufikiria."

Yeye hakuwa mtu wa kuomba radhi. Alichofanya ni kuingia uvunguni mwa kitanda cha Shemeji kule nyuma, akatoka na mashine ya taipu ya chuma, nzito hivi kwamba Shemeji aliisaidia upande mmoja. Akaketi mbele ya mama wa marehemu, aliyekuwa amekuja na wale wa Uriri. Akapiga ile programu yote huku akimtazama yule mama usoni, akimuuliza majina ya wajukuu taratibu, pole mama, huyu ni wa ngapi, na vidole vinakwenda vyenyewe. Hakuangalia chini hata mara moja. Picha tukaibandika kwa gundi, tukatoa nakala kwa fotokopi. Wazee waliisifu programu ile, walisema inafanana na za zamani za watu wenye heshima. Nikabaki nimekasirika bila mtu wa kumkasirikia.

Baada ya siku hiyo alianzisha daftari kubwa la kaunta, akaliandika juu: KITABU CHA WALIOFUKUZWA. Kila programu aliyoitoa aliiingiza humo, jina, kazi yake, sababu ya kufukuzwa. Alisema ni ili asirudie kosa la printa. Mimi naona alipenda tu kuandika sababu. Ile ya hali ya hewa aliiandikia "uongo". Ile ya kukumbusha siku za kuzaliwa, "umbea".

Nilikuwepo siku alipofika kwenye kioo cha kukuzia. Ni programu inayofanya maandishi yawe makubwa kwa mtu mwenye macho mabovu. Madam alipoiona alipiga makofi. "Yawa, jamani! Njooni muone, kompyuta imevaa miwani!" Duka zima likaja. "Mtu haoni adui anakuja na bunduki, na bado anataka kucheza? Acheze drafti na Shemeji." Karibu na hiyo kulikuwa na nyingine, ya kusoma kwa sauti kilichoandikwa kwenye skrini. "Na huyu anatusomea! Kwani hapa ni chekechea?" Akazitoa zote mbili, si kwa kuzificha bali kwa kuzing'oa kwenye mfumo wenyewe, kisha akatengeneza nakala ya mfumo huo ndiyo akawa anaiweka kila mahali. Alijivunia sana. "Wengine wanamfungia mgeni mlango," aliniambia. "Mimi naziba mlango kwa matofali." Nilicheka pia. Nasema ukweli, nilicheka mpaka machozi.

Wateja wake wakubwa walikuwa wachimbaji wa dhahabu wa Osiri. Mashimo yakijaa maji hawana kazi, basi wanakuja Suna na vumbi lao kwenye nyusi, wanacheza gemu za magari. Waliielewa kazi ya Madam upesi kuliko walimu na makarani. "Ni kuosha tu," mmoja alisema. "Unamwaga udongo, dhahabu inabaki." Madam alipenda maneno hayo. Lakini mchimbaji yule aliongeza, "Ila sisi, Madam, ule mchanga tuliokwisha kuosha hatutupi. Kuna mtu anakuja kuuosha tena, na anapata."

"Basi hamjui kuosha," Madam akamjibu.

Na alikuwa na majibu ya namna hiyo hata pale alipokosea waziwazi. Alikuwa ameng'oa mlinzi wa kuzuia virusi kwa sababu anakula memori, na siku moja mtu akachomeka flashi yake, mashine zote sita zikalala kwa siku mbili. Madam alilaumu flashi. Siku nyingine mchimbaji mmoja mbishi alidai kuchonga mfumo ni maneno matupu. Tukachukua mashine mbili za aina moja, moja imechongwa, nyingine na wageni wake wote, tukahesabu picha zinazopita kwa sekunde moja ya gemu. Ya Madam ilishinda kwa picha nne. Nne tu! Halafu mimi, kwa udaku wangu, nikafungua ile nyingine nikapuliza vumbi kwenye feni kwa blowa ya kinyozi. Ikaongeza tisa.

Jioni Madam alipofunga duka aliniambia, "Zile nne ni zangu. Hizo tisa ni za vumbi." Kesho yake Shemeji alipewa kazi ya pili, kupuliza vumbi kila Jumatatu, na Madam akaendelea kuchonga kama kwamba hakuna kilichotokea.

Sasa nikikumbuka, dalili zilikuwepo. Alianza kuuliza, "Jirani, ile taa ni ya rangi gani?" Aliwasalimu watu baada ya wao kusema, si kabla. Alisogeza kiti karibu na skrini, kila mwezi kidogo, mpaka pua ikawa inaacha alama kwenye kioo. Lakini alikuwa akipiga taipu vilevile, haraka, bila kukosea, na mtu anayeandika hivyo nani angemshuku? Kile kitambaa chake cha Asumbi kilitudanganya sote. Kisha akafunga duka ghafla. Akasema binti yake wa Homa Bay anamhitaji. Alibeba kompyuta yake moja ya kazi na Kitabu cha Waliofukuzwa. Shemeji alibeba birika na, sijui kwa nini, namba saba.

Basi nikaenda Homa Bay. Nyumba ya binti iko mteremkoni, ziwa lote liko chini yako, na Madam amepewa chumba kilichokuwa stoo. Mlango ulikuwa wazi. Nikasimama nje, maana nilisikia watu wanasoma.

"Imeandikwa, 'A yu shua yu wonti tu dilit.'" Ilikuwa sauti ya Shemeji, ambaye Kizungu alikiachia darasa la nne. "Inauliza kama kweli tunafuta; kuna ndiyo na kuna hapana."

"Ndiyo iko wapi?"

"Kushoto."

"Kushoto yangu ama yako?"

"Madam, si tumekaa upande mmoja."

Walikuwa wameketi bega kwa bega, Shemeji na miwani ya kununua sokoni, Madam na pua kwenye skrini. Nikacheka, nikapiga hatua moja ndani. Madam hakugeuka. "Jirani," akasema, "viatu vyako bado vinalia." Kisha akamgeukia Shemeji. "Ni wewe umemwita. Omera, ndugu yangu, mdomo wako utakuua." Shemeji akajitia kushughulika na birika.

Alinieleza akiwa anaangalia ukuta. Ni presha ya macho. Daktari amesema kilichokwenda kimekwenda, kilichobaki watakilinda kwa dawa. Watu wa Suna bado wanamngoja, kuna gemu mpya ya mpira imetoka, mashine zao haziiwezi mpaka awachongee mfumo mwingine. Kwa siku mbili yeye na Shemeji walikuwa wamefuta programu tatu.

"Binti anasema, mama, pumzika," alisema. "Nipumzike! Nikae ndani ya nyumba ya mtu, nikila, nikiuliza chai iko wapi. Sasa hapo mimi ni nani? Niambie. Wewe unalijua jina la mtu huyo."

Nilikuwa nalijua.

"Madam," nikasema, "kuna kile kioo cha kukuzia."

"Weka."

Nikatafuta. Hakikuwepo, wala hakingeweza kuwekwa. Mfumo ule ulikuwa wa mkono wake mwenyewe, na mlango ulikuwa umezibwa kwa matofali. Akaniambia nichukue lile daftari, niangalie aliandika nini. Nikafunua mpaka nikafika.

"Soma."

"Kioo cha kukuzia. Kazi: hakuna. Sababu: kinachekesha."

"Na yule wa sauti?"

"Kazi: hakuna. Sababu: hapa si chekechea."

Shemeji aliangalia miguu yake. Madam akapapasa ile karatasi kwa kiganja, juu chini. "Ni mwandiko wa nani?"

"Wako, Madam."

"Alikuwa mjinga sana huyo," akasema.

Nikamweleza hakuna njia ya kumrudisha mmoja. Ni kufuta kila kitu na kuweka mfumo mzima, jinsi ulivyotoka kwa wenyewe.

"Na wageni wote?"

"Wote."

"Hata wa hali ya hewa?"

"Hata huyo, Madam. Huyo ndiye hufika wa kwanza."

Birika likachemka, likajizima. Mimi nilijua ninamwomba nini. Mtu yule alikuwa ametumia miaka kumi akiamua nani ana kazi na nani hana, na hakuwahi kumwita hata mmoja arudi.

"Waite," akasema.

Nilikuwa na mfumo mzima kwenye flashi yangu. Ukaingia polepole sana, mashine ikalalamika, feni ikapiga kelele, na Madam akawa anasonya kila mara, "Sikia inavyohema! Sikia!" Tulikunywa vikombe viwili vya ile chai mbaya. Ulipokwisha nilitafuta kioo cha kukuzia nikakifungua, nikasukuma maandishi mpaka herufi moja ikawa kubwa kama kiganja. Nikamsogezea kipanya.

Akakishika. Akakipeleka kulia, akakirudisha. Nyuso zetu zote tatu zilikuwa zimesogea kwenye skrini ile. Kisha akasoma, yeye mwenyewe, neno baada ya neno, kwa sauti ya mwalimu: "Homa Bay. Leo. Mvua kubwa."

Nje jua lilikuwa linawaka mpaka ziwa linaumiza macho.

"Mwongo huyu," Madam akasema. "Hajabadilika hata kidogo." Alikuwa anacheka na machozi yanamtoka, hakuyafuta, na mimi yangu sikuyafuta.

Hapo ndipo nilipomwona Shemeji. Alikuwa amevua miwani, ameikunja, ameitia mfukoni. Akaenda nyuma ya mlango akachukua koti lake la suti, lile alilokuja nalo wakati wa msiba, akalivaa, akafunga vifungo vyote.

"Basi," akasema. "Mashine imepata macho. Mimi naweza kurudi nyumbani."

Madam hakugeuza kichwa. Alikuwa bado anafuata herufi na kipanya. "Uende nyumbani kufanya nini?"

"Kazi imeisha, Madam."

"Namba saba umeshanisomea?"

Shemeji akatazama pembeni, kwenye lile kasha tupu la bati, birika likiwa juu yake linatoa mvuke.

"Bado," akasema.

"Basi keti. Hiyo haina miwani, nani atanisomea?"

Shemeji akafungua vifungo vya koti kimoja kimoja, akalirudisha nyuma ya mlango, akaketi. Kisha akaniuliza kama nitaongeza chai, nikamwambia ndiyo.